Nyumba ya milioni mia inauzwa shilingi ngapi?

Ukimuuliza mtu aliyenunua nyumba kwa mkopo kwamba nyumba yake ni ya bei gani, atakutajia bei aliyopatana na muuzaji. Milioni mia, atasema, na vijisenti vya mwanasheria na mthamini juu yake. Ukimuuliza rejesho lake la mwezi, atakutajia mpaka shilingi ya mwisho, maana hiyo ndiyo inayokatwa kabla mshahara hajauona. Lakini kuna namba ya tatu ambayo sijawahi kumsikia mtu akiitaja, si kijiweni wala harusini: jumla ya fedha zote zitakazokuwa zimetoka mfukoni mwake siku atakaporudishiwa hati yake. Namba hiyo ina historia ndefu, na ndiyo nataka tuizungumze leo. Mnivumilie wadau, kutakuwa na hesabu kidogo.

Chukua mkopo wa shilingi milioni 100, riba ya asilimia 15 kwa mwaka ikipigwa kwenye deni lililobaki, muda miaka 25. Riba hiyo sijaiokota barabarani. Taarifa za Benki Kuu ya Tanzania kuhusu soko la mikopo ya nyumba zimekuwa kwa miaka kadhaa zikitaja riba za kati ya asilimia 15 na 19, kwa hiyo mimi nimechagua ile ya mwenye bahati. Rejesho la kila mwezi linakuja shilingi 1,280,831. Zidisha kwa miezi 300. Unapata milioni 384 na ushei. Umekopa mia, umerudisha mia tatu themanini na nne.

Hiyo jumla inatisha, lakini kwa maoni yangu siyo sehemu mbaya kuliko zote. Tazama mwezi wa kwanza. Katika ile milioni moja na laki mbili na themanini uliyolipa, shilingi 1,250,000 ni riba. Deni lenyewe limepungua kwa shilingi 30,831, hela ambayo haitoshi kununua mifuko mitatu ya saruji. Ukilipa kwa uaminifu miaka mitano bila kuruka hata mwezi mmoja, utakuwa umetoa karibu milioni 77, na bado unadaiwa milioni 97 na laki mbili. Baada ya miaka kumi umetoa milioni 153 na zaidi, unadaiwa milioni 91 na nusu. Nusu ya deni unaifikia baada ya miaka ishirini na nusu. Aliyesaini akiwa na miaka 35 atakuwa na 55, anaanza kupiga hesabu za kustaafu, ndipo anaifikia nusu.

Dada mmoja ninayefanya naye kazi, ambaye alikuwa tayari ameshachukua fomu, aliitazama karatasi yangu kwa muda, kisha akaniangalia kana kwamba mimi ndiye niliyepanga hiyo riba. "Mdogo wangu," akasema, "sasa huu utaratibu aliubuni nani?"

Swali lake ni zuri kuliko habari nyingi ninazotumwa kuandika.

Kuna sehemu nyingi za kuanzia, ila mimi napenda kuanzia kwenye baa. Birmingham, Uingereza, mwaka 1775, kulikuwa na baa iliyoitwa Golden Cross, na mwenye baa alikuwa Richard Ketley. Wateja wake, mafundi na wafanyabiashara wadogo, walianzisha chama cha kujengeana nyumba ambacho kwa kawaida ndicho kinachohesabiwa kuwa cha kwanza cha aina yake. Kila mwanachama alichangia kila mwezi, mfuko ukijaa mmoja anajengewa, wanaendelea kuchanga mpaka wa mwisho apate, kisha chama kinavunjwa. Mama zetu wa Magomeni na Kinondoni wakisikia hivyo watacheka, kwa sababu huo ni upatu! Gharama yake kubwa ilikuwa ni kusubiri. Anayepata mwishoni amechanga miaka yote hiyo akiwa bado mpangaji. Hakuna tajiri wa nje anayekula kitu, ila muda wa mtu wa mwisho umeliwa na wa kwanza.

Vyama vilipoanza kupokea akiba za watu ambao hawakutaka nyumba, watu waliotaka faida tu, mambo yakabadilika. Katikati ya karne ya 19 vilishatokea vyama vya kudumu visivyovunjwa, na hapo anayekopa na anayeweka wakawa watu wawili tofauti, ambao hawajuani na wala hawanywi pamoja. Kusubiri kukaondoka, riba ikakaa mahali pake.

Huku kwetu neno tulilonalo ni rehani, na tumelipata kutoka Kiarabu pamoja na biashara yenyewe. Zanzibar ya karne ya 19 iliendeshwa kwa rehani. Wenye mashamba ya karafuu walikuwa na ardhi, minazi na watumwa, lakini fedha taslimu walikuwa nazo wafanyabiashara wa Kihindi, na wakubwa wao, kama nyumba ya Jairam Shivji, ndio waliokodishiwa hata forodha ya Sultani. Mwenye shamba alikopa kabla ya mavuno, au kwa ajili ya harusi, au kulipa deni jingine. Tatizo likawa dini, kwa sababu riba ni haramu.

Wakatafuta njia ya kuikwepa, nayo iliitwa bei khiyari. Kwenye karatasi hakuna mkopo. Mwenye shamba "anamuuzia" mkopeshaji shamba lake kwa kiasi cha fedha anachotaka kukopa, akibakiwa na hiari ya kulikomboa kwa bei ileile ndani ya muda fulani. Wakati huohuo haondoki shambani, anabaki kama mpangaji na analipa kodi. Kodi hiyo ndiyo riba iliyovaa kanzu. Sasa angalia jambo moja: kodi haipunguzi bei ya ukombozi hata senti moja. Unaweza kulipa miaka kumi, na siku ukitaka shamba lako unatakiwa kuja na fedha yote kama ulivyoipokea. Bei ya karafuu ikiporomoka, na baada ya utumwa kukomeshwa kisheria mwaka 1897 nguvukazi ya bure nayo ikiondoka, wengi hawakuweza kukomboa. Kufikia miaka ya 1930 madeni ya mashamba yalikuwa makubwa kiasi kwamba mwaka 1934 serikali ya kikoloni ilitunga sheria ya kuzuia ardhi ya Waarabu na Waafrika isihamishiwe kwa watu wa jamii nyingine bila kibali. Sheria hiyo ilichochea uhasama wa kisiasa kati ya jamii za visiwani kuliko ilivyosaidia wadaiwa, lakini hiyo ni mada ya siku nyingine.

Ukirudi kwenye ile hesabu yangu ya miaka mitano ya kwanza, milioni 77 zimetoka na deni limeshuka kutoka 100 hadi 97, utaona kwamba mkopaji wa leo kwa miaka hiyo ni mpangaji wa bei khiyari karibu kabisa. Tofauti ni kwamba yeye hajaambiwa.

Na Wamarekani, ambao ndio tunaambiwa walimu wa mikopo ya nyumba, walikuwa na kitu kinachofanana na hicho mpaka juzijuzi. Kabla ya miaka ya 1930 mkopo wa kawaida wa nyumba Marekani ulikuwa wa muda mfupi, miaka mitatu, mitano, kumi ikizidi. Ulitakiwa utoe mwenyewe karibu nusu ya bei, na mara nyingi ulikuwa unalipa riba tu. Muda ukiisha unadaiwa deni lote kwa mkupuo, na kwa kuwa hakuna aliyekuwa nalo, unakwenda kukopa upya. Mchezo huo unakwenda vizuri ilimradi kuna mtu wa kukukopesha upya. Mdororo wa uchumi ulipoanza 1929 benki zikafungwa kwa maelfu, hakukuwa na wa kukopesha tena, na kufikia mwaka 1933 nyumba kama elfu moja zilikuwa zinachukuliwa na wakopeshaji kila siku. Elfu moja kwa siku.

Hapo ndipo linapozaliwa jedwali tunalolitumia sisi leo. Juni 1933 serikali ya Roosevelt iliunda shirika la HOLC, likanunua mikopo mibovu ya watu zaidi ya milioni moja na kuwaandikia mipya: riba asilimia 5, muda miaka 15, na kila mwezi unalipa kiasi kilekile ambacho ndani yake kuna riba na kipande cha deni, mpaka deni linakwisha lenyewe bila mkupuo wa mwisho. Mwaka uliofuata likaja shirika la FHA la kuwadhamini wakopeshaji binafsi wanaotumia utaratibu huohuo, na muda ukaanza kurefushwa, miaka 20, baadaye 30. (HOLC pia ndilo lililochora ramani za miji ambazo mitaa ya watu weusi ilipakwa rangi nyekundu, na FHA haikudhamini mikopo kwenye mitaa ya namna hiyo. Ukombozi ule haukuwa wa kila mtu.)

Nimepiga hesabu ya mkopo wa HOLC kwa formula ileile niliyompigia yule dada. Mtu aliyedaiwa dola 3,000 alitakiwa alipe dola 23.72 kwa mwezi. Mwezi wa kwanza riba ilikuwa dola 12.50, na dola 11.22 zikaenda kupunguza deni, yaani karibu nusu kwa nusu. Mwisho wa miaka 15 alikuwa ametoa jumla ya dola 4,270 hivi. Alikopa tatu akarudisha nne na robo. Sisi tunakopa mia tunarudisha mia tatu themanini na nne, na jedwali ni lilelile! Lilitengenezwa kwa ajili ya asilimia 5 na miaka 15, halafu likasafiri likafika mahali ambapo riba ni mara tatu na muda umeongezwa miaka kumi. Sisemi jedwali ni baya, kwa kweli liliokoa familia nyingi. Ila lina tabia moja, kwamba kwa sababu rejesho halibadiliki sura, huoni kinachoendelea ndani yake.

Sasa mtu atauliza, kwa nini basi benki zetu zisitoze hiyo asilimia 5? Jibu la haraka ni kwamba benki inayokopa akiba za watu kwa asilimia kadhaa, na yenye uwezo wa kuikopesha serikali kwenye hatifungani bila kuhangaika, haina sababu ya kukupa wewe fedha ya miaka 25 kwa bei ya chini kuliko hapo. Jibu refu ni kwamba tulishajaribu.

Benki ya Nyumba Tanzania, wenyewe wakiiita THB, iliundwa kwa sheria ya mwaka 1972 na kuanza kazi mwaka uliofuata. Mwaka 1974 ukaanzishwa mfuko wa nyumba za wafanyakazi na wakulima, ambapo waajiri wenye watu kumi au zaidi walitozwa asilimia 2 ya jumla ya mishahara. Wazo halikuwa baya hata kidogo: mfanyakazi akope kwa riba nafuu, ajenge, astaafu kwake. Waulize wazee wenu wa mjini, wengine nyumba zao zina alama ya THB kwenye mafaili hadi leo.

Kilichotokea ni mfumuko wa bei. Kwa sehemu kubwa ya miaka ya 1980 bei za vitu Tanzania zilikuwa zinapanda kwa karibu asilimia 30 kwa mwaka. Kwa kasi hiyo thamani ya shilingi inapungua kwa nusu ndani ya miaka mitatu. Aliyekopa THB mwanzoni mwa miaka hiyo kwa riba iliyokuwa chini sana ya mfumuko alikuwa kama aliyepewa zawadi, kwani miaka michache baadaye rejesho lake la mwezi lilikuwa hela ya kawaida ya sokoni. Na wapo waliokuwa hawalipi hata hilo. Basi tukisema mkopo wa THB ulikuwa rahisi tuseme ulikuwa rahisi kwa nani, maana gharama haikufa, ilihamia. Ilihamia kwa aliyeweka akiba pale na kuikuta haina thamani, na kwa yule ambaye mwajiri wake alitozwa ile asilimia 2 na yeye hakuwahi kuona hata tofali. Mwaka 1995 benki ikafilisiwa.

Marekani nako ilitokea, kwa njia yao. Oktoba 1981 riba ya mkopo mpya wa miaka 30 ilifika asilimia 18.63, namba ambayo hapa Dar isingemshtua mtu. Waliokuwa wamekopa miaka ya nyuma kwa asilimia sita zisizobadilika walikaa majumbani mwao wanatabasamu, ila taasisi za akiba zilizowakopesha zilikuwa zinawalipa wenye akiba zaidi ya zinachoingiza. Mamia yake yalikufa, na bili akapelekewa mlipakodi.

Baada ya THB kufa, Tanzania ilikaa zaidi ya muongo mzima bila mkopo wa nyumba wa maana kwa mtu wa kawaida. Ndiyo miaka iliyotupa zile nyumba za nondo zilizotokeza juu kuanzia Kimara mpaka Chanika, msingi mwaka huu, lenta mwaka wa tatu, bati ikipatikana bonasi. Watu husema kujenga kidogo kidogo hakuna riba. Sikubaliani nao moja kwa moja. Fedha iliyolala kwenye kuta zisizo na paa miaka saba huku unalipa kodi ya miezi sita sita kwa mwenye nyumba mwingine nayo ni gharama, sema tu hakuna anayekuletea taarifa yake ya mwezi. Mwaka 2008 ikaja sheria ya mikopo ya nyumba, mwaka 2010 ikaanzishwa TMRC, kampuni ya kuzipatia benki fedha za muda mrefu, na benki zikarudi kwenye biashara hiyo. Zimerudi na somo moja kichwani: safari hii gharama ya mfumuko na ya kupanda kwa riba haitabebwa na benki.

Maana ya somo hilo Wakenya wanaijua kuliko sisi. Mwanzoni mwa 2011 riba elekezi ya Benki Kuu ya Kenya ilikuwa asilimia 5.75. Shilingi yao ikayumba, bei zikapanda, na kufikia Desemba mwaka huohuo riba hiyo ilikuwa asilimia 18. Mikopo mingi ya nyumba ilikuwa na riba inayobadilika. Chukua mtu aliyekopa shilingi za Kenya milioni 5 kwa miaka 20 kwa asilimia 13. Rejesho lake ni 58,579. Riba ikifika asilimia 20 rejesho linatakiwa liwe karibu 85,000. Na kama benki ikimhurumia ikamwambia endelea na lilelile la zamani, tutakuongezea muda, hapo ndipo pabaya zaidi, kwa sababu riba peke yake ya mwezi mmoja ni 83,333. Analipa elfu 58 kila mwezi na deni linapanda.

Kenya walikuwa wameshaona madeni ya namna hiyo tangu miaka ya 1990, ndiyo maana tangu 2007 sheria yao ya mabenki inasema mkopo ukishaharibika, riba inayoweza kudaiwa kuanzia hapo haiwezi kuzidi deni la msingi lililokuwepo siku ulipoharibika. Ni kinga nzuri. Ila soma vizuri: ni ya mkopo ulioharibika. Anayelipa kwa uaminifu miaka yote 25 hailindi, na yeye ndiye anayelipa riba karibu mara tatu ya alichokopa. Mwaka 2016 bunge lao lilijaribu njia nyingine, likaweka ukomo wa riba kuwa pointi nne juu ya riba elekezi. Benki zikapunguza kuwakopesha watu wadogo, na mwaka 2019 ukomo ukaondolewa.

Huku kwetu sheria ya ardhi inampa kinga mwenzi wa ndoa, nyumba ya familia haiwekwi rehani bila ridhaa yake, na mwajiriwa inabidi abakiwe na theluthi ya mshahara baada ya makato. Hii ya theluthi ndiyo inayowasukuma wengi kwenye miaka 25, kwa kuwa ukirefusha muda rejesho linashuka na benki inakubali. Lakini linashuka kiasi gani? Ule mkopo wa milioni 100 kwa miaka 20 badala ya 25 una rejesho la 1,316,790. Tofauti haifiki shilingi 36,000 kwa mwezi, na jumla inashuka kutoka milioni 384 hadi 316. Milioni 68, na miaka mitano ya maisha. Kwa miaka 15 tofauti ni kama 119,000 kwa mwezi, na jumla ni milioni 252.

Yule dada aliomba benki impe jedwali la miaka yote mitatu, 15, 20 na 25, mstari kwa mstari. Walimpa bila tatizo, ila hawakuwa wamempa kabla hajaomba. Kumi na tano haikupita kwenye theluthi. Ishirini ilipita, akabadilisha fomu. Kipengele cha riba kubadilika kwa notisi ya benki alipokiuliza aliambiwa hicho hakiguswi, kipo kwenye mikataba yote.